Kesi Ikisimama, Tungoje Namna Gani?

Mazungumzo haya yalisomwa redioni katika kipindi cha elimu ya uraia. Yamechapwa kwa maombi ya kamati za makambi, ili yasomwe kwa sauti mbele ya wale wasio na redio.

  

Leo nataka kujibu barua moja. Imeandikwa na baba mmoja aliyekimbia kijiji chake pamoja na jamaa yake. Anasema hivi: mtoto wa ndugu yake aliuawa juu ya matata ya shamba. Watu watatu walishikwa, wakapelekwa mjini, kesi ikafunguliwa. Jamaa ilifurahi, ikasema sasa tutaona haki. Halafu siku moja walikwenda kusikiliza, wakaambiwa: “Kesi imesimama. Wale walioshitakiwa wameomba ihamishwe kwenda mahakama nyingine. Rudini nyumbani, mtaitwa.” Baba anauliza: “Je, hakimu amekula feza? Na kama kesi imekufa, vijana wetu wanasema watajitafutia haki wao wenyewe. Niwaambie nini?”

Baba, barua yako ni nzito, nami sitaijibu kwa haraka. Na najua hauko peke yako. Katika makambi mengi neno hili “kesi imesimama” limekwisha kuleta matata, kwa sababu linatoka mahakamani likiwa neno moja na linafika kambini likiwa neno lingine. Karani anasema “imesimama.” Njiani mtu anasema “imefungwa.” Jioni, kwenye mafiga, wanasema “imenunuliwa.” Asubuhi panga linanolewa. Kwa hiyo tuanze na maana ya neno lenyewe.

KESI KUSIMAMA NI KUFANYA NINI?

Kesi ni kama gari lililo njiani. Linaweza kufika mwisho wa safari: hapo hakimu ametoa hukumu, ya kufunga mtu au ya kumwachilia. Linaweza pia kusimama kwenye barabara panda, kwa sababu dereva anangoja kujua ni njia ipi atapita. Gari lililosimama pale bado lina mizigo yake yote. Mashitaka yako pale. Ushuhuda ulioandikwa uko pale. Majina ya washitakiwa yako pale. Hakuna aliyeshinda na hakuna aliyeshindwa.

Ombi la kuhamisha kesi ndilo barabara panda. Mtu anasema: “Mimi nakubali kuhukumiwa, lakini si katika mahakama hii. Naomba mahakama iliyo juu yake ichague nyingine.” Sasa fikirini wenyewe. Ikiwa hakimu wa chini anaendelea kusikiliza mashahidi, kisha anatoa hukumu, na juma linalofuata mahakama ya juu inasema kwamba yeye hakufaa kuihukumu kesi ile, kutakuwa nini? Kazi yote itakuwa bure. Mama aliyelia mbele ya watu akieleza mambo yaliyompata atalazimika kuyaeleza tena. Ndiyo sababu sheria inataka hakimu asimame, angoje jibu. Kusimama kule kunamlinda mshitakiwa, na kunamlinda pia yule aliyeumizwa, ili hukumu ikitoka iwe hukumu isiyovunjika.

Basi, jibu la kwanza kwa baba huyu: hakimu aliyesimamisha kesi baada ya kupata taarifa ya ombi kama hilo hakufanya hivyo kwa kupenda. Amefuata sheria. Kusimama peke yake si ushuhuda wa feza.

SABABU NI MBILI TU

Katika nchi yetu jambo hili limeandikwa katika sheria ya tarehe 11 Aprili 2013, ile inayopanga mahakama na mamlaka yake. Sheria inakubali sababu mbili za kuhamisha kesi, wala si kumi.

Sababu ya kwanza ni usalama wa watu wote. Maana yake, kama kesi ikisikilizwa pale, damu inaweza kumwagika. Labda kijiji kizima kimekasirika. Labda wenye silaha wanazunguka mji. Labda mashahidi hawawezi kupita barabarani na kufika wazima. Sababu hii haiombwi na mshitakiwa wala na jamaa ya marehemu. Inaombwa na parke, yaani mwendesha mashitaka wa serikali, kwa kuwa yeye ndiye anayechunga amani ya wote. Lakini ninyi mnaojua hatari iko wapi mnaweza kwenda parke kumweleza. Andikeni barua, semeni ni nani ametishwa, lini na wapi. Parke haiwezi kuombea jambo ambalo hakuna aliyeliambia.

Sababu ya pili ni shaka yenye msingi. Wazee wetu wamesema kesi ya nyani usimpelekee ngedere. Ikiwa kuna mambo yanayoonekana, yanayoweza kutajwa, yanayofanya mtu mwenye akili ashuku kwamba mahakama ile yote haitaweza kuwa katikati, basi upande wowote wa kesi unaweza kuomba ihamishwe: mshitakiwa, yule anayedai malipo ya hasara yake, na parke pia.

Angalieni vizuri: nimesema mahakama yote. Kama shaka ni juu ya hakimu mmoja tu, kwa mfano ni shemeji wa mshitakiwa, au ana faida yake katika shamba lile linalogombewa, kuna njia nyingine: kumkataa hakimu yule, ili mwenzake akae mahali pake. Si lazima kuhamisha kesi mji mzima kwa sababu ya mtu mmoja. Tena “simpendi,” au “yeye ni wa kabila fulani,” bila jambo lingine lolote, hiyo si shaka yenye msingi. Tukianza kuhesabu kabila za mahakimu, hatutapata hakimu hata mmoja katika Kongo yote, kwa maana kila mtu amezaliwa na mama.

NANI ANAKATA SHAURI?

Hapa watu wengi wanapotea. Hakimu anayeshukiwa hakati shauri la ombi hili. Linakatwa juu yake.

Kama kesi iko katika mahakama ya amani, ile inayohukumu makosa ambayo adhabu yake haipiti miaka 5, ombi linakwenda mahakama kubwa, ile tunayoita TGI, nayo inaweza kuipeleka mahakama ya amani nyingine iliyo chini yake. Kama kesi iko TGI, kwa mfano kesi ya kuua mtu, ombi linakwenda mahakama ya rufaa, nayo inachagua TGI nyingine ndani ya eneo lake. Na kama mtu anataka kesi itoke eneo la mahakama moja ya rufaa kwenda eneo la nyingine, tuseme itoke Lubumbashi iende Kisangani, basi Mahakama ya Kasasioni iliyo Kinshasa ndiyo inayokata shauri.

Ombi linaandikwa. Halitoshi kusimama mahakamani na kupiga kelele kwamba hakimu ameuzwa. Linawekwa kwa karani wa mahakama ya juu, na karani anatoa hati kuonyesha kwamba limepokelewa. Hati ile ikifika katika mahakama yenye kesi, hapo ndipo kesi inasimama. Kumbukeni hati hii, kwa sababu nitarudi kwake.

Mahakama ya juu inaweza kusema moja ya mambo mawili. Inaweza kukubali: hapo inataja mahakama mpya ya daraja sawa, na karatasi zote zinapelekwa huko. Au inaweza kukataa: hapo kesi inarudi kwa hakimu wa kwanza, nayo inaendelea. Katika njia zote mbili, kesi inasikilizwa.

MAMBO NILIYOYAONA MIMI

Nilipomaliza masomo ya sheria nilianza kazi hii ya kufundisha uraia, na katika miaka ile ya kwanza nilitumwa kwenye kambi moja. Sitaitaja. Kulikuwa na mama mjane. Mume wake aliuawa pamoja na mdogo wake, na washitakiwa walikuwa watu wa kijiji cha jirani. Jamaa za washitakiwa nao walikuwa wamekimbia vita ileile, nao walikaa katika kambi ileile, upande wa bondeni. Walikuwa wanachota maji kwenye bomba moja.

Kesi ikasimama juu ya ombi la kuhamishwa. Habari ikafika kambini usiku. Asubuhi mama wa bondeni walikuta bomba limezungukwa na vijana wenye fimbo. Siku ya pili, mtoto wa miaka 9 akapigwa jiwe. Mtoto huyo hakujua hata neno “mahakama.”

Aliyetuokoa hakuwa mimi mwenye diploma. Alikuwa mzee mmoja wa kamati, aliyesoma hadi darasa la sita. Alikusanya feza kidogo za kukodisha pikipiki, akaenda mjini, akaomba kwa karani kuona ile hati. Alinakili kwa mkono wake tarehe, namba ya kesi, jina la mahakama iliyopokea ombi, na sababu iliyoandikwa. Akarudi, akakusanya pande zote mbili chini ya mti, akasoma. Kisha akasema: “Wale watatu wako boloko hadi leo. Nimewaona. Anayesema wametoka asimame hapa aniambie amewaona wapi.” Hakuna aliyesimama. Kesho yake watu walichota maji.

Lakini nisiwadanganye, hadithi haikwisha kwa furaha tupu. Mahakama ya juu ilikubali ombi, na kesi ikapelekwa mji mwingine, mbali. Wakati huo mama mjane alikuwa amehama kambi, naye hakumwambia karani. Mwito ukatafuta mtu katika hema ambalo hakuwamo tena. Siku ya kwanza ya kesi hakuwapo. Ilibidi kuahirisha, na miezi ikapita. Mwishowe wawili walihukumiwa, wa tatu akaachiliwa kwa kukosa ushuhuda. Mama aliniambia: “Nilitaka wote watatu.” Nikamjibu kwamba sina neno la kumfariji, ila jambo moja: hukumu ile ilisomwa mbele ya pande mbili, na mpaka siku ile hakuna mtoto mwingine aliyepigwa jiwe.

Tangu hapo nimejua kwamba kazi ya wakati wa kungoja ni kubwa sawa na kazi ya siku ya hukumu.

WAKATI WA KUNGOJA TUFANYE NINI?

Kwa ninyi jamaa zilizoumizwa, ninayo mashauri matano.

La kwanza, tafuteni ile hati. Tumeni watu wawili wanaoaminiwa, na kama pande mbili zinakaa pamoja, tumeni mmoja kutoka kila upande. Wanakili namba ya kesi, tarehe ya ombi na jina la mahakama ya juu. Maneno ya njiani yanapungua nguvu mbele ya karatasi.

La pili, mkihama, mwambieni karani na parke. Mtu aliyekimbia vita anahama mara tatu, mara nne kwa mwaka. Mahakama haina macho ya kumfuata. Acheni jina la mtu anayekaa mahali pamoja, kama mchungaji, mwalimu au ndugu wa mjini, ambaye mwito unaweza kumfikia.

La tatu, mnayo haki ya kujibu ombi. Kama ninyi mmo katika kesi mkidai malipo ya hasara, na mnaona sababu zilizoandikwa ni za uongo, wakili wenu au ninyi wenyewe mnaweza kuieleza mahakama ya juu kwa nini kesi ibaki. Semeni pia juu ya umbali: mashahidi ni wangapi, njia ni ya siku ngapi, nani ni mzee, nani ananyonyesha. Kuhamisha kesi kunaweza kulinda haki, na kunaweza kuiweka mbali na mikono ya maskini. Mahakama inayopima lazima isikie pande zote mbili za mzani.

La nne, tunzeni ushuhuda wenu. Karatasi za hospitali, picha, nguo, majina ya walioona: fungeni ndani ya plastiki, wekeni kwa mtu mwaminifu. Wala msikae pamoja kila jioni kusahihishana habari, mpaka mashahidi wote wanasema neno moja kama wimbo. Hakimu atashuku. Kila mtu aseme aliyoyaona yeye.

La tano, mtu akitishwa wakati huu wa kungoja, asinyamaze. Aende polisi na parke. Mwenye kutisha shahidi anaongeza kosa juu ya kosa.

Na washitakiwa walio boloko? Wengi wanauliza kama kusimama kwa kesi kunafungua mlango wa gereza. Hapana. Ombi la kuhamisha kesi ni jambo moja, na kumwachilia mtu kwa muda ni jambo lingine, lenye sheria yake. Lakini ninyi jamaa za walioumizwa, sikieni na upande wa pili. Katiba ya tarehe 18 Februari 2006, kifungu cha 17, inasema uhuru ndio kanuni na kufungwa ndiko kunatoka nje ya kanuni. Tena mtu anahesabiwa hana kosa mpaka hukumu ya mwisho itoke. Kwa hiyo mshitakiwa anaweza kuomba kwa hakimu aachiliwe kwa muda. Akiachiliwa hivyo, bado ni mshitakiwa, na bado ataitwa. Ukimwona sokoni, usikimbilie jiwe. Kama amevunja masharti aliyopewa, kimbilia parke.

HILA YA KUKAWIZA

Baba aliyeandika anaweza kusema: “Mwalimu, unatufundisha subira, na wao wanatucheka.” Ni kweli. Kuna watu wanaoomba kuhamisha kesi bila shaka yoyote mioyoni mwao. Wanajua kwamba hati ikifika, kesi inasimama. Wanataka mashahidi wachoke, wahame, wafe. Sheria ya kulinda haki inakuwa ngao ya mwenye hila. Sitaficha jambo hili, maana mmeliona kwa macho yenu.

Lakini dawa yake iko ndani ya sheria ileile. Katiba, kifungu cha 19, inasema maneno mawili yanayokwenda pamoja kama miguu miwili. Neno la kwanza: mtu asitolewe kwa nguvu kwa hakimu ambaye sheria imempa. Neno la pili: kila mtu ana haki kesi yake isikilizwe katika muda unaofaa, na hakimu mwenye mamlaka. Muda unaofaa! Haki hii si ya mshitakiwa peke yake, ni ya kila mtu. Basi, mkiona miezi inapita bila jibu, andikeni kwa mkubwa wa mahakama iliyopokea ombi. Tajeni namba ya kesi, tajeni tarehe, tajeni kifungu cha 19. Wekeni nakala kwa mwendesha mashitaka wa mahakama ile. Barua fupi, ya heshima, yenye tarehe, ina nguvu kuliko matusi ya redio.

Kwa mambo ya kunajisi na kulazimishwa kimwili, sheria ya tarehe 20 Julai 2006 imeweka hata muda: uchunguzi wa kwanza usipite mwezi mmoja, na kesi na hukumu zisipite miezi mitatu. Najua mara nyingi muda huo haufuatwi. Lakini mtu anayejua muda ulioandikwa anauliza kwa sauti nyingine kuliko yule asiyejua.

MFANO WA BOGORO

Pengine mtasema mambo haya ya kugombania mahakama ni ya huku kwetu tu. Kumbukeni Bogoro, katika Ituri, kijiji kilichoshambuliwa tarehe 24 Februari 2003. Germain Katanga alipelekwa mbele ya Mahakama ya Kimataifa ya Jinai, kule La Haye, mwaka wa 2007. Yeye na mawakili wake walisema kesi yake haikupaswa kuwa pale. Walisema ilikuwa kazi ya mahakama za Kongo. Majaji walikataa mwezi wa Juni 2009. Akakata rufaa. Majaji wa rufaa wakakataa tarehe 25 Septemba 2009. Ndipo kesi yenyewe ikaanza, tarehe 24 Novemba 2009.

Fikirini watu wa Bogoro katika miezi ile. Ndugu zao walikuwa wamekufa miaka 6 iliyopita, na huko mbali watu wenye majoho walikuwa bado wanabishana ni nyumba ipi ihukumu. Ilionekana kama mchezo. Lakini swali lile lilipokatwa, halikurudi tena kuvunja kazi. Tarehe 7 Machi 2014 Katanga alikutwa na hatia ya kusaidia makosa yaliyofanywa Bogoro, na tarehe 23 Mei 2014 akapewa adhabu ya miaka 12. Wengine waliona ni kidogo. Hayo ni mazungumzo mengine. Ninalotaka mlishike ni hili: kubishana juu ya mahakama hakukuua kesi.

NENO KWA VIONGOZI WETU

Baba chefu, wazee, wachungaji, wakubwa wa kamati: kesi ikisimama, macho ya watu yanawageukia ninyi. Hapo kuna mitego mitatu.

Mtego wa kwanza ni kuihukumu ninyi wenyewe. Vijana watakuja kusema: “Serikali imeshindwa, tuhukumu hapa.” Kesi ya kuua haiko mikononi mwa baraza la kijiji wala la kambi. Mkimpiga mtu, mkimtoza faini, mkimfukuza na watoto wake, mnafungua kesi mpya, na safari hii washitakiwa mtakuwa ninyi.

Mtego wa pili ni mapatano ya kichinichini. Mbuzi watatu, feza kidogo, na mjane anaambiwa anyamaze. Kupatanisha jamaa ni kazi njema, tena tunaiomba sana: watu walie pamoja, wazike pamoja, wagawane maji. Malipo ya hasara pia yanaweza kuzungumzwa. Lakini kifo cha mtu ni deni kwa nchi nzima, na mapatano ya jamaa hayazimi mashitaka ya serikali. Na kwa mambo ya kunajisi, sheria ya 2006 imekataza kabisa kuyamaliza kwa faini ya kulipia polisi au parke. Chefu anayekubali mbuzi juu ya msichana aliyenajisiwa anamnajisi mara ya pili.

Mtego wa tatu ni kunyamaza. Kiongozi asiyesema neno anaacha neno litengenezwe na wengine. Kila juma, hata kama hakuna jipya, simameni mbele ya watu wa pande zote mbili, mseme: “Kesi namba fulani bado inangoja jibu la mahakama fulani. Tulituma mtu siku fulani. Akirudi tutawaambia.” Hayo maneno matatu yanaweza kuonekana madogo, lakini yameokoa watoto.

Na msisahau jamaa za washitakiwa. Mama wa mtu aliyefungwa hakuua mtu. Anahitaji maji, unga na usingizi kama wengine. Ombi la kuhamisha kesi likiwekwa na mtoto wake, yeye si adui kwa ajili hiyo. Mtoto wake ametumia mlango ambao sheria imeufungua kwa wote. Kesho huenda wewe ndiye utakayeuhitaji.

MASWALI MAFUPI

Mtu anauliza: “Nikiwa nimekimbia, na nyumbani hakuna tena mahakama inayofanya kazi, naweza kuomba kesi yangu isikilizwe mahali nilipo?” Nenda kwanza parke iliyo karibu nawe, ueleze. Ikiwa hatari ndiyo sababu, kumbuka kwamba parke ndiyo inayoweza kuomba kuhamisha kwa ajili ya usalama. Kuna pia njia ya mahakama kutoka mjini na kwenda kusikiliza kesi mahali pengine ndani ya eneo lake, kama ilivyofanyika Baraka, katika Fizi, mwezi wa Februari 2011, wakati mahakama ya kijeshi ilipokwenda kuwahukumu askari waliowanajisi wanawake wa Fizi. Hapo kesi haihamishwi kwa hakimu mwingine. Hakimu yuleyule anawafuata watu.

Mwingine anauliza: “Ombi likikubaliwa, je, hiyo inaonyesha kwamba hakimu wa kwanza ni mwizi?” Hapana. Kama ni kwa ajili ya usalama, hakimu hana kosa lolote. Na hata kama ni kwa ajili ya shaka, mahakama ya juu inasema tu kwamba ni vema haki ionekane safi machoni mwa wote. Msimzomee hakimu barabarani.

Wa tatu anauliza: “Likikataliwa, je, mshitakiwa amekwisha kushindwa?” Hapana tena. Ameshindwa kuhamisha kesi tu. Juu ya kosa lenyewe, bado hakuna aliyesema neno.

KUMALIZIA

Narudi kwa baba aliyeniandikia. Uliniuliza uwaambie vijana nini. Uwaambie hivi: ndugu yenu hajasahauliwa. Jina lake limeandikwa kwenye karatasi yenye namba, na karatasi hiyo iko mezani pa mahakama ya juu. Wao wakichukua panga, karatasi nyingine zitaandikwa, zenye majina yao, na ile ya ndugu yao itafunikwa chini. Uwatume mjini wakanakili ile namba. Uwape kazi ya kutunza ushuhuda, ya kumsindikiza mama yake marehemu mpaka parke, ya kuchunga bomba la maji ili hakuna mtoto wa upande wowote anayepigwa jiwe. Kijana mwenye kazi ya kufanya anangoja vizuri kuliko kijana mwenye hasira peke yake.

Nawe baba, andika barua kwa mkubwa wa mahakama ile. Kama hujui namna ya kuiandika, peleka habari kwa kamati ya kambi yako, nasi tutasaidiana. Mwisho wa barua weka tarehe na alama ya kidole chako. Uweke nakala.

Ndugu wasikilizaji, muda wetu umekwisha. Ninyi mliosikia, mwambieni aliye bondeni na aliye mlimani. Juma lijalo, Mungu akipenda, tutazungumza juu ya mashahidi: nani anaweza kushuhudia, na anayeogopa alindwe namna gani. Kaeni na amani.